Hapa Hatupokei Noti

Hebu niambie wewe unayenisoma: umewahi kunyoosha pesa zako mwenyewe, zimekunjuliwa vizuri, ukaambiwa na mtu mwenye adabu kabisa kwamba hapo hazina kazi? Mimi yalinikuta mwezi wa Aprili, kwenye kituo cha polisi cha mjini, nilipokwenda kuomba pasipoti. Na nikueleze mapema, pasipoti yenyewe sikuitaka. Ila hilo nilikuwa sijamwambia mtu yeyote, na sidhani kama hata nafsi yangu nilikuwa nimeiambia.

Mume wangu Sixten alikufa Februari, theluji ikiwa imefika kwenye vioo vya madirisha. Ulikuwa moyo. Nilimkuta amekaa juu ya gogo la kupasulia kuni, kofia kichwani, glovu mikononi, kama mtu aliyepumzika kidogo kabla ya kuendelea. Nilimwita mara moja, halafu sikumwita tena. Tangu saa ile nikawa kama mguu ulioukalia muda mrefu ukafa ganzi: unauona, unajua ni wako, unaufinya, na wala hausikii. Niliwasha jiko, nikafagia theluji kwenye ngazi, nikala walicholeta watu. Walikaa nami jikoni wakisubiri nilie, mpaka wakachoka, wakachukua mabakuli yao wakaenda zao.

Mtoto tunaye mmoja tu, Marit, naye anaishi Perth, kule Australia, na mume na watoto wake. Mazishi aliyatazama kwenye simu, maana parokia iliweka kamera karibu na kinanda. Baadaye akaniambia aliona zaidi mgongo wa mpiga kinanda kuliko jeneza la baba yake.

Huku kwetu maiti wengi tunawachoma. Majivu yanatiwa kwenye chungu chenye kifuniko, na kama ni majira ya baridi chungu kinakaa ofisi ya parokia kwenye rafu, kikisubiri barafu iliyo ndani ya ardhi iyeyuke. Inayeyuka Juni. Kabla ya hapo, hata shoka halipenyi. Basi Sixten yuko pale kwenye rafu, pamoja na mwalimu mmoja mstaafu na bibi wa duka la vitambaa.

Marit alipiga simu kila siku. Mwezi wa tatu akasema:

"Mama, huwezi kukaa peke yako kwenye nyumba ile. Njoo kwangu. Tiketi nakata mimi. Ukae mpaka majani yaanze kuanguka huko, halafu tutaona. Sawa?"

Nikavuta pumzi ndani kwa midomo: shup. Kaskazini hatusemi ndiyo kwa kinywa kilichofunguka. Tunaivuta, kama mtu anayeonja supu ya moto. Marit amezaliwa huku, akajua nimekubali. Tiketi ikakatwa, ya mwanzo wa Mei.

Kesho yake Egon, mtunza makaburi, akanipigia. Sauti yake ni ya upole, mtu mzuri, alicheza karata na Sixten.

"Hjördis, nasikia unasafiri. Usiwe na wasiwasi. Ardhi ikifunguka tutamweka sisi wenyewe, kwa heshima zote. Wengi wanafanya hivyo siku hizi."

"Sawa," nikasema.

Nikaweka simu chini, nikaenda kumenya viazi. Nilimenya sufuria nzima, mimi mtu mmoja. Jambo lenyewe ndilo hilo, hakuna jingine: nikishapata pasipoti, Sixten atashushwa ardhini na watu wa parokia, na mimi nitakuwa upande wa pili wa dunia nimekaa chini ya mwavuli nikipewa nyama choma. Nililijua hilo kama ninavyojua bei ya kahawa. Halikuniuma. Hakuna kilichoniuma.

Aliyenipeleka mjini ni jirani yangu Gunborg. Gunborg ana miaka themanini kasoro na anaendesha gari kama anafukuzwa. Alikuja asubuhi na chupa ya kahawa na mikate ya siagi na jibini, tukaondoka. Njiani theluji ilikuwa imelala pande zote mbili imechafuka, na mahali pamoja kulungu wa kufugwa wa Wasami, wenyeji wa huku, walisimama katikati ya barabara hawataki kuondoka. Ilibidi tusubiri.

"Pesa unayo?" Gunborg akauliza.

"Ninayo."

"Ngapi? Nionyeshe. Wewe siku hizi mtu akikuuliza lolote unavuta pumzi tu."

Nikafungua pochi ya kuwindia ya Sixten, nikamwonyesha noti tano za mia mia. Akazichukua, akazigeuzageuza kwenye mwanga wa dirisha.

"Bibi wee! Hizi mbili si zile zenye picha ya bwana wa maua? Zilifutwa zamani. Mia ya sasa ina yule mwigizaji wa kike. Shoga, hizi zimekufa kabla ya Sixten!"

Akashika mdomo.

"Mungu wangu. Nisamehe mwenzangu, ulimi huu nitaukata."

"Hakuna neno," nikamwambia, na kweli hakukuwa na neno. Kulungu mmoja alitutazama kwa jicho moja. Nikamtazama.

"Basi una mia tatu hai na mia mbili marehemu," Gunborg akasema kwa sauti ya chini. "Zilizobaki?"

"Nina kadi ya Sixten."

Kadi hiyo nikueleze. Akaunti yetu ilikuwa kwa jina lake. Nilifanya kazi jikoni kwenye shule ya msingi mpaka nikastaafu, na mshahara wangu uliingia humohumo, kwa sababu Sixten ndiye aliyekwenda benki siku ile, mimi nikiwa na vyungu jikoni. Nambari ya siri niliijua, ni mwaka aliopata leseni yake ya kuwinda. Nilinunua nayo unga, sufu, viatu, kila kitu. Tangu Februari sikuigusa. Friza ilijaa nyama ya mawindo, watu walileta vyakula, sikuhitaji kitu. Watu wa benki waliwahi kunipigia, nikawaambia wapige baadaye.

Kituoni tulikaa kwenye viti vya plastiki. Jina langu likatokea kwenye skrini, tukaenda dirishani. Binti wa dirishani alivaa sweta ya kijani na jina lake, Tuva, limebandikwa kifuani. Alitoka kusini kabisa. Unasikia mara moja, wanaongea kama uji wa moto umekwama kooni.

"Karibu, bibi. Ni Hjördis, sivyo? Umekuja kuomba pasipoti mpya?"

Shup.

Akainua kichwa haraka. "Uko salama? Nikuletee maji?"

"Amesema ndiyo, mwanangu," Gunborg akamwambia. "Umehamia huku lini?"

"Tangu mwaka mpya."

"Utazoea. Wengine huku wameoana kwa pumzi hiyohiyo, mchungaji hakusikia hata neno."

Tuva akacheka, akashika kompyuta yake. "Haya. Tunaanza na malipo, halafu picha, halafu alama za vidole. Ada ni krona mia tano. Unaweza kulipa kwa kadi, kwa simu, au kama mmekwisha lipa mtandaoni nipeni nambari ya miadi."

Nikaweka noti zangu kwenye sinia dogo chini ya kioo, nikazipanga zisijikunje. Hakuzigusa.

"Samahani sana, bibi. Hapa hatupokei noti. Na sarafu pia hatupokei."

"Hata zilizo hai?" Gunborg akauliza.

"Zilizo hai?"

"Kuna mbili zimekufa."

"Hata zilizo hai," Tuva akasema, akarudisha sinia upande wangu.

Hapo ndipo kitu kidogo kilipotembea kifuani mwangu. Kidogo sana, kama maji yanapoanza kwenda chini ya barafu ya mto, juu kungali kumeganda na watu wanapita na magari. Sikukijua ni nini. Nilikuwa nimesahau kwamba mle ndani kuna vitu vinavyotembea.

Nikatoa kadi ya Sixten, nikaisukuma kwenye mashine, nikabonyeza mwaka wake wa leseni. Mashine ikafikiri. Ikalia kwa hasira.

"Imekataa. Jaribu tena, bibi, taratibu."

Nikajaribu taratibu. Ikakataa taratibu.

"Kadi ni yako mwenyewe?"

"Ya mume wangu."

"Na yeye yuko wapi? Labda angepiga simu benki."

"Yuko ofisi ya parokia," nikasema. "Kwenye rafu."

Yule binti akawa mwekundu mpaka masikioni. Gunborg akainama karibu na kioo: "Ni marehemu, mwanangu. Tangu Februari. Hjördis! Hujakwenda benki mpaka leo?"

"Walipiga. Niliwaambia baadaye."

"Pole sana, bibi," Tuva akasema. "Mtu akifariki benki inafunga akaunti mpaka mambo ya mirathi yakamilike. Si kosa lako wala la mashine."

Na kile kitu kifuani kikatembea tena, safari hii kwa nguvu. Nikakitambua. Ilikuwa furaha. Nilisimama mbele ya dirisha la polisi, kadi ya marehemu mkononi, nimefurahi. Niliona haya, nikafunga vifungo vya koti nisionekane.

Lakini ukiwa na shida mbele ya watu wema, hawakuachi nayo. Gunborg alikwisha toa kadi yake.

"Sogea, nilipe."

"Hapana."

"Utanirudishia."

"Hapana, Gunborg. Mimi sidaiwi na mtu."

Akashusha kadi, maana ndivyo tulivyolelewa sote wawili. Huku mtu anabeba wake. Ukinywa kahawa ya jirani, juma lijalo unapeleka biskuti, na biskuti zisiwe pungufu ya zile ulizokula. Asubuhi ileile nilikuwa nimemwekea Gunborg hela yangu ya petroli kwenye kikombe cha gari kabla hajawasha injini, naye hakusema "acha bwana". Alihesabu akasema asante. Sasa angenilazimishaje?

Nyuma yetu alisimama bwana mmoja mnene wa kazi za msituni, mkono wa koti una mafuta ya mashine. Aliitwa Roger, jina lake lilikuwa linangoja kwenye skrini. Akapaza sauti:

"Mama, nipe hizo tatu hai, na hizo mbili zilizokufa nitazitundika ukutani. Mimi nakulipia kwa simu, tumalize. Nina safari ya Tailandi hapa, miguu yangu haijaona jua tangu Agosti!"

Watu wakacheka. Hata Tuva.

"Asante, mwanangu. Pesa yangu ninayo."

"Lakini hawaitaki!"

"Hilo ni lao."

"Mama mgumu huyu," Roger akamwambia Gunborg.

"Humjui. Aliwahi kurudi dukani kilomita ishirini kwa sababu walimzidishia chenji."

Tuva akatazama kompyuta yake kwa muda. "Bibi, kama hutaki leo, naweza kukupa miadi nyingine. Ila nafasi ya karibu ni katikati ya Mei."

Katikati ya Mei ndege itakuwa imekwisha ondoka. Nikavuta pumzi, shup, ndefu, na safari hii yule binti wa kusini akaelewa bila kuambiwa. Nikaanza kuvaa kofia. Nilikuwa nimeikwepa safari, unaona? Sikukataa, sikumuudhi mtoto, sikusema neno lolote. Mashine ndiyo iliyonikatalia, na akaunti, na kanuni za polisi. Ningerudi nyumbani nimpigie Marit niseme, mwanangu, haikuwezekana.

Nilipogeuka, Gunborg alikuwa na simu sikioni.

"Marit? Ni shangazi Gunborg hapa. Ndiyo, tuko polisi. Hapana, hajafungwa! Mama yako anakataa kulipiwa."

Ana moyo mzuri Gunborg, ndio ubaya wake. Akanipa simu, uso wa Marit ukiwa umejaza kioo kizima. Kwake ilikuwa jioni, nyuma yake mtoto anapita amevaa taulo.

"Mama! Kwani tatizo ni nini? Nalipa mtandaoni sasa hivi. Shangazi, nisomee nambari ya miadi."

Gunborg akaisoma kwenye karatasi yangu, tarakimu moja moja, kwa sauti ya kusikia chumba kizima. Kwa jirani ningeweza kusema sidaiwi. Kwa mtoto unasemaje? Nilimnyonyesha, nikamfuma soksi, nikamkanda kifua alipokohoa. Akikulipia, hilo si deni, na asiyekuwa na deni hana pa kujifichia.

"Imeingia," Tuva akasema, amefurahi kwa ajili yangu. "Mia tano kamili. Sasa twende kwenye picha."

Kile kitu kifuani kikasimama. Ganzi ikarudi, ikianzia miguuni, ikapanda pole pole kama unavyoingia ziwani Mei.

Nikakalishwa kwenye kiti mbele ya kamera. Gunborg alishika simu, Marit akiwa bado ndani yake anaongea.

"Vua miwani, bibi. Tazama hapa. Usitabasamu."

"Hilo analiweza," Gunborg akasema.

Kamera ikapiga. Uso wangu ukatokea kwenye kompyuta, nikautazama kama unavyotazama kanzu iliyosahauliwa kwenye basi. Halafu vidole. Niliweka cha shahada juu ya kioo kidogo chenye mwanga wa kijani. Mashine haikukisoma. Nikakifuta, nikaweka tena. Haikukisoma.

"Ngozi imelika," nikasema. "Ni maji ya kuoshea vyombo. Shule nzima ilikulia sahani zile."

"Tutapaka mafuta kidogo," Tuva akasema. Akaja mpaka upande wangu na kopo la krimu, akanishika mkono, akapaka kidole kwa kidole, bila haraka. Mikono yake ilikuwa ya moto. Sikumbuki ni lini mtu alikuwa amenishika mkono kwa muda ule wote. Nilisikia ile krimu. Baridi kwanza, halafu joto. Nilisikia.

Marit alikuwa anaendelea kwenye simu, ana furaha, anaongea haraka kama alivyokuwa mdogo:

"Chumba chako nimekipaka rangi, mama. Kijani kile cha jikoni kwetu, nimezunguka maduka matatu kukitafuta. Kitanda kinatazama bustani. Watoto wanagombana nani atakupokea uwanjani. Na usiwaze mambo ya parokia, niliongea na Egon, nimemwambia waendelee tu Juni. Baba hakuwa mtu wa sherehe, sivyo?"

"Hakuwa," Gunborg akasema.

Kweli hakuwa. Siku ya harusi yetu alikwenda kutazama mitego ya samaki kabla ya keki. Lakini alirudi. Aliingia na buti zenye matope kwenye sakafu ya mama yangu, akakaa karibu nami, akala.

Mashine ikasoma kidole. Ikasoma na cha mkono wa pili. Tuva akarudi kwenye kiti chake, akaweka mbele yangu kioo kidogo na kalamu isiyo na wino.

"Bado saini tu, bibi, halafu tumemaliza. Na lazima nikwambie kabla hujasaini, ada ikishaingia hairudishwi, hata ukibadili mawazo."

Nikashika kalamu. Vidole viliteleza kwa ile krimu. Nyuma yangu Roger alikohoa kwa adabu. Nikaandika herufi ya kwanza ya jina langu, na herufi ikasimama pale kwenye kioo, peke yake, imepinda.

"Bibi?" Tuva akaita.

"Marit," nikasema.

"Naam, mama. Umemaliza?"

"Hizo mia tano nitakurudishia."

"Mama, achana na mia tano! Nani amezungumzia..."

"Nisikilize. Nitakurudishia, maana hazitatumika." Sauti yangu ilitoka kama mlango uliokaa majira yote ya baridi bila kufunguliwa. Gunborg akanisogezea simu karibu. Niliweka kalamu chini. Ndani ya kile kioo, nyuma ya mwanangu, yule mtoto wa taulo alikuwa amesimama.

"Mimi siji, mwanangu. Njoo wewe. Nataka uje Juni, ardhi ikifunguka, usimame upande ule wa shimo na mimi upande huu, kamba moja mkononi mwako na nyingine mkononi mwangu, tumshushe baba yako sisi wenyewe. Hilo ndilo nililolitaka tangu Februari."